Kilio ambacho Forbrydelsen haikukikata

Mimi ni mhariri wa tamthilia. Siku nzima niko mbele ya kompyuta nikiamua shoti ikatwe wapi ili mtazamaji asichoke. Forbrydelsen, tamthilia ya upelelezi ya shirika la utangazaji la Denmaki, DR, mwaka 2007, ilinikera kwanza, kisha ikaninasa: haikati pale ambapo mimi ningekata.

Tazama sehemu ya kwanza. Gari linaopolewa majini, na ndani ya buti mna mwili wa Nanna, binti wa miaka 19. Theis, baba yake, amefika akiwa na simu sikioni, anaongea na mkewe. Polisi wanamshika, anapiga ukelele. Mama, Pernille, hajaambiwa neno na mtu. Anausikia tu ukelele ule kwenye simu, na kamera inabaki naye. Inabaki kupita kiasi, ningesema siku nyingine.

Tamthilia nyingi za upelelezi huwapa wafiwa dakika mbili za kulia, kisha huwasahau. Hapa mwandishi Søren Sveistrup ameipa kesi moja sehemu 20, na kila sehemu ni siku moja. Kwa hiyo unakaa matangani. Baba ana kampuni ya kuhamisha mizigo, na mizigo ya watu haingoji. Wadogo zake marehemu wanataka kula. Huku Troels Hartmann anawania umeya wa Copenhagen, na gari lile lilikuwa la kampeni yake. Kila anaposafishwa, tope jingine linamrukia.

Watu husifia giza na mvua. Ni kweli, mwishoni mwa Novemba jua la Copenhagen huzama kabla ya saa kumi jioni. Lakini giza ni rahisi. Hata mimi naweza kukutilia kwa kompyuta kabla chai haijapoa. Kazi ni kumfanya mtu avumilie kukaa humo. Anayetushikilia ni mpelelezi Sarah Lund, na sweta yake ya sufu ya Visiwa vya Faroe. Alikuwa ahamie Uswidi, ila safari anaiahirisha, anaiahirisha tena. Hasemi sana. Anasimama mlangoni mwa chumba, anakitazama, nasi tunakitazama naye.

Wiki hii ninahariri sehemu yenye msiba. Mwongozaji ameniandikia: kilio cha mama ni kirefu, punguza. Bado sijakigusa.