"Ni wa betri, oili ya nini?" na mengine kuhusu msumeno wa fimbo wa kupogolea miti

"Fundi, hii si ya betri? Oili ya nini tena?" Swali hili kuhusu msumeno wa fimbo, yaani chenso ndogo iliyofungwa kwenye ncha ya fimbo ndefu, naulizwa na wenye mashamba ya maparachichi wa Rungwe, wenye miembe uani hapa Mbeya mjini, na hata wauzaji wa madukani ambao ndio walipaswa kuwaeleza wateja. Naandika jibu lake kwa urefu, kwa sababu mashine zinazoletwa karakana zimeungua kwa dhana hii ni mashine nzuri, zilizonunuliwa kwa fedha ya jasho.

Dhana: msumeno wa betri hautumii oili

Mota yake haitumii. Cheni yake inatumia, sawasawa na chenso ya petroli. Nadhani mkanganyiko unaanzia hapa: kwenye chenso ya petroli kuna oili mbili, ile inayochanganywa na petroli kwa ajili ya injini, na ile ya kwenye tenki lake peke yake inayokwenda kwenye cheni. Betri imeondoa ile ya kwanza tu. Cheni bado ni chuma kinachokimbia kwa kasi juu ya chuma, na bila oili vyuma hivyo vinalana.

Oili hutoka tenkini, hupita kwenye tundu dogo kwenye shina la baa (kile chuma bapa ambacho cheni inakizunguka), huingia kwenye mfereji wake, kisha meno ya ndani ya cheni huibeba hadi ncha na kurudi nayo. Ikikosekana, joto hupanda. Cheni hurefuka na kulegea, unaikaza, inalegea tena. Kingo za baa hugeuka rangi ya bluu, na ukipitisha ukucha pembeni yake unakwama kwenye chuma kilichokunjamana. Mota nayo inavuta umeme mwingi kushinda msuguano, betri inakwisha haraka au mashine inajizima katikati ya tawi. Ndipo mteja anakuja kuniambia betri ni mbovu, anataka nyingine. Betri ni nzima. Tenki ndilo kavu, na wakati mwingine bado linang'aa kama lilivyotoka kiwandani.

Wapo wanaokubali kuweka oili, lakini wanaweka oili chafu waliyoomba gereji. Tafadhali acheni. Oili chafu ina vumbi la chuma na masizi, inaziba tundu na pampu, tena haishiki: kwenye ncha ya baa inarushwa yote. Na inarushwa wapi? Kwenye majani, kwenye matunda, kwenye uso wako uliouinua juu. Unapogoa parachichi la kuuza nje ya nchi, halafu unalinyunyizia uchafu wa injini ya daladala! Nunua oili ya cheni, ambayo imetengenezwa iwe na mnato. Ukiikosa kabisa, oili mpya ya injini ya SAE 30 itakusogeza siku hiyo. Mafuta ya alizeti nayo yanalainisha, ila ukiiweka mashine wiki kadhaa yanaganda kama gundi na cheni haizunguki.

Kanuni yangu ni moja, nampa kila anayenunua: unapobadilisha betri, jaza oili. Usisubiri kuangalia kama imekwisha. Kabla ya kupanda shambani, elekeza ncha ya baa kwenye kipande cha boksi bila kugusa, iwashe sekunde chache. Ukiona mstari wa matone ya oili, endelea. Usipouona, toa baa, zibua tundu kwa waya mwembamba, safisha mfereji. Baadhi ya mashine za bei nafuu hazina pampu ya kujiendesha. Hizo unaipaka cheni oili mwenyewe kila baada ya dakika chache. Na ukikuta oili imevuja kidogo chini ya mashine iliyolala usiku kucha, hilo ni la kawaida. Kuna mzee alimwaga oili yote ili sakafu isichafuke, akaja tena na baa imeungua.

Dhana: haina waya, kwa hiyo haina hatari karibu na nyaya za umeme

Hii inaua. Hatari haitoki kwenye betri yako, inatoka kwenye laini iliyo juu. Fimbo nyingi ni za alumini. Hata ya faiba, ikishika unyevu na vumbi la mti, si kinga. Na tawi bichi limejaa maji. Laini za kV 11 na kV 33 (volti 11,000 na 33,000) zinazopita juu ya mashamba yetu kwa kawaida ni waya mtupu, na umeme huo unaweza kuruka kabla hujagusa. Vitabu vingi vya mashine hizi vinataka ukae mita 15 mbali. Mti ulioshika nyaya ni kazi ya TANESCO. Nenda ofisini kwao, uwasubiri hata kama wanachelewa.

Dhana: volti 20 ni kubwa kuliko volti 18

Ni kitu kilekile. Seli tano za volti 3.6 zinafanya 18. Zikiwa zimejaa chaji zinafika 20 na zaidi kidogo, na baadhi ya makampuni yameamua kuandika namba hiyo. Zidisha volti kwa Ah (ampea-saa, imeandikwa kwenye betri) ndipo ulinganishe: 18 kwa 4 ni 72, na 36 kwa 2 ni 72 vilevile, nishati ileile. Mimi naangalia zaidi uzito wa kichwa. Chukua dukani, nyoosha fimbo yote, ishikilie juu. Mikono ikitetemeka hapohapo, shambani hutaiweza.

Dhana: ukikata tawi kwa kulisawazisha na shina, mti unapona vizuri

Mtafiti wa miti wa Marekani, Alex Shigo, alionyesha tangu miaka ya 1970 kwamba mti hauponi kama ngozi, bali huizungushia sehemu iliyooza ukuta. Uvimbe ulio pale tawi linapotokea ndio unaofanya kazi hiyo, kwa hiyo kata nje yake kidogo. Tawi zito anza na mkato mdogo chini, kisha kata juu mbali zaidi, mwisho ondoa kisiki. Vinginevyo litachana gome hadi chini. Usisimame chini ya tawi: fimbo isizidi nyuzi 60 kutoka ardhini.

Rangi na lami kwenye kidonda hazisaidii. Chokaa kwenye matawi ya mparachichi yaliyoachwa wazi ni jambo jingine, hiyo ni kinga ya jua na naiunga mkono.

Dhana: betri iishe kabisa ndipo uchaji

Hiyo ilikuwa ya betri za zamani za nikeli. Lithiamu ichaji wakati wowote, ila ikitoka kazini ya moto iache ipoe kwanza. Msimu wa kupogoa ukiisha, itoe kwenye mashine, iache na chaji kama nusu, iweke ndani kwenye ubaridi, si kwenye buti la gari wala stoo ya bati.