Jahazi la muda na sekunde 33 zilizozidi

Kazi yangu ni kupima bahari, yaani kina, miamba, mikondo, ili vyombo visipande mwamba. Usiku nikipata nafasi nachora jahazi ambalo halipo. Linaitwa Nairuzi, lina tanga moja kubwa, nahodha, rubani na mabaharia kumi na wawili, na haliendi Lamu wala Maskati, linasafiri ndani ya muda na kuuchorea ramani. Watu wakiona michoro wanauliza injini iko wapi, linafikaje juzi. Hilo halinisumbui, stori ni stori bana. Linaloninyima usingizi ni swali la kazini: likisharudi, utajuaje kama ramani yake si uongo?

Manake baharini tulishapambana na hili. Dunia inazunguka nyuzi 15 kwa saa, kwa hiyo ukijua saa hizi Greenwich, kule Uingereza inakoanzia hesabu, ni saa ngapi na jua la hapo ulipo linakwambia ni saa ngapi, tofauti yake ndio longitudo yako, yaani uko mashariki au magharibi kiasi gani. Ukikosea sekunde moja tu pale ikweta umeshajisogeza mita 460 hivi. Meli ya Uingereza HMS Beagle wengi wanaijua sababu ya mwanasayansi Darwin, lakini ilitumwa kupima, na kapteni wake FitzRoy alibeba kronomita 22, yaani saa za baharini za kutunza wakati sawasawa, sita kanunua kwa hela yake mwenyewe. Zilikaa kwenye kijichumba, kila moja na sanduku lake, masanduku yamelazwa kwenye vumbi la mbao ili mitikisiko ya meli isizifikie, na alikuwepo fundi aliyeajiriwa kwa ajili ya saa hizo, kuzitia ufunguo na kuzilinganisha, siku baada ya siku, kwa karibu miaka mitano, Desemba 1831 mpaka Oktoba 1836. Hebu fikiria hiyo kazi, wenzako wanashuka kushangaa visiwa, we uko na saa zako.

Sasa walikuwa wanapima tofauti ya saa toka kituo hiki hadi kile, kingine, kingine, mpaka wakaizunguka dunia nzima wakarudi walikoanzia. Ukijumlisha zote lazima upate saa 24 kamili, hamna ujanja. FitzRoy akapata saa 24 na sekunde kama 33. Ukizipeleka ikweta hizo ni kilomita 15 za dunia ambazo hazipo! Na hakuzificha, alizichapisha. Mi kwa hilo tu namvulia kofia.

Tatizo la jahazi langu ni kwamba Beagle ilisaidiwa na umviringo wa dunia, ukienda mbele sana unarudi nyumbani. Muda hauna hiyo. Nikahangaika nalo wiki kadhaa mpaka nikakumbuka wazee wa pwani, ambao mwaka wao wa baharini ulianzia siku ya Nairuzi, siku 365, wakaukata miongo ya siku kumi kumi, zinabaki tano. Nahodha hakuhitaji tarehe, alitaka mwongo wa ngapi huu, hapo anajua pepo za kaskazi imebakiza nini na kusi inaingia lini. Basi jahazi langu likipita mwaka wowote linasubiri kaskazi ivume, maana hiyo hurudi kila mwaka, linalinganisha hesabu, linaendelea. Mtaalamu atanikatiza hapa kwamba mwaka wa siku 365 hauna siku ya nyongeza, kwa hiyo unateleza siku moja kila miaka minne. Ndio, na ndio maana naupenda. Saa inayochelewa sekunde mbili kila siku bila kubadilika ni saa nzuri sana, unaitoa tu kwenye hesabu. Ya kuogopa ni ile inayopatia leo ikakosea kesho bila kukuaga.

Na mimi ya kuogopa ilishanipata. Tulikuwa tunapima mlango mmoja wa bandari, kipindi cha bamvua, maji yanapojaa na kupwa kupita kawaida, saa nne asubuhi maji yamekupwa kabisa. Mashine kwenye boti inaandika saa yenyewe, na ufukweni tuna kijana anasoma mlingoti wa kupimia maji kila baada ya muda anaandika kwenye daftari: saa 4, saa 5, mpaka saa 10 jioni maji yamejaa. Saa ya Kiswahili, kama mtu yeyote. Ofisini mwanafunzi wa mazoezi akaingiza kwenye kompyuta 04:00 mpaka 10:00. Sasa kina cha boti lazima ukitoe kimo cha maji cha saa ile ile ndio upate kina cha ramani. Kwa hiyo vipimo vya boti vya 10:00, maji madogo, vikaondolewa mita 3.6 za maji makubwa badala ya 0.4. Penye mita tatu za maji pakasoma mwamba mkavu umechomoza sentimita 60, pale pale tulipopita na boti asubuhi ile! Nilicheka, halafu nikaacha kucheka, maana lingekuwa kinyume, maji makubwa yakasomwa madogo, mwamba ungegeuka njia salama na kwenye skrini usingeona chochote cha kushangaza.

Tangu hapo daftari la rubani wa Nairuzi nimelichora upya. Safu ya kwanza sio saa, ni saa ya nani. Ya mwisho nimeandika "imezidi au imepungua kiasi gani", na rubani haruhusiwi kuiacha tupu hata akiona aibu.

Bado bildi, ile risasi ya kamba ya kupimia kina. Nahodha akiitupa mwaka 1824 ikagusa chini, inarudi na mchanga wa lini?