Manorama hakuangukia kwenye vichekesho

Nafundisha uigizaji, na kila nikimtaja Manorama napewa jibu lilelile: "Yule mama wa vichekesho wa filamu za Kitamil? Ustaa ulimshinda, ndiyo akaangukia huko." Nimelisikia mno, na linaniudhi.

Kwanza, halilingani na maisha yake. Alizaliwa Mannargudi, kusini mwa India, mwaka 1937, akakulia Pallathur kwa mama aliyefanya kazi za ndani, na jukwaani alipanda angali mtoto. Mwaka 1958 mshairi Kannadasan alimpa nafasi katika filamu ya Maalaiyitta Mangai, na nafasi yenyewe ilikuwa ya kuchekesha. Uhusika mkuu ulikuja baadaye, mwaka 1963, kwenye Konjum Kumari. Sasa aliangukaje kutoka mahali ambapo hakuwa bado amefika? Baada ya hapo alicheza filamu zaidi ya 1,000, na kati ya walioigiza naye, jukwaani au kwenye filamu, watano walikuja kuongoza serikali za majimbo ya India, Jayalalithaa wa Tamil Nadu akiwa mmojawao.

Lakini kinachonikera zaidi ni ile imani kwamba mchekeshaji hufanya vituko na mwigizaji ndiye huvaa uhusika. Tazameni Thillana Mohanambal ya 1968. Sivaji Ganesan ni bingwa wa nadaswaram, lile zumari refu la mahekaluni, na Padmini ni mcheza ngoma. Manorama anaingia kama Jil Jil Ramamani, mwanamke wa kundi la maigizo. Sikilizeni anavyoivuta sauti kwa madaha. Anaongea na mtu mmoja aliye mbele yake, lakini ile ni sauti ya mtu aliyezoea kuwafikia watazamaji wa mstari wa nyuma kabisa. Maisha yote ya jukwaani yamo kwenye koo lile, na hakuna anayetueleza. Kisha anamsifu yule bingwa waziwazi, bila kujibana. Tunacheka, na papo hapo tunamwonea huruma. Mwaka huohuo, kwenye Bommalattam, akaimba kwa lafudhi ya mitaa ya Madras, Chennai ya leo, na humwoni Ramamani hata chembe. Huyo ndiye mnamwita wa vituko?

Ule muda wake, kujua sentensi ikatike wapi ili kicheko kije, sina hakika kama unafundishika. Mazoezi ninayowapa wanafunzi huwafikisha karibu, na wengi huishia hapohapo. Vitabu vya fani yetu huandika kana kwamba ni suala la kuhesabu pumzi. Siamini.

Na sisemi kila filamu yake ni lulu. Nyingine zilimtaka apige kelele tu, naye akapiga. Tuzo ya Taifa ya India aliipata kwa Pudhea Padhai ya 1989, miongo mitatu tangu aanze, tena kama mwigizaji msaidizi. Alifariki Chennai Oktoba 2015.

Anayetaka kubishana nami atazame kwanza Samsaram Adhu Minsaram ya 1986, ambamo yeye ni Kannamma, mtumishi wa nyumbani. Asiangalie maneno, aangalie jinsi anavyosimama mbele ya waajiri wake: anajua vizuri mahali anaporuhusiwa kusimama, na anajua ni lini apavuke. Kazi hiyo aliiona kwa mama yake kabla hajaiigiza.