Kobla ya mapome, gato yenye iko kama barabara zetu

Juma yenye ilipita muteja mmoja, mama wa heshima zake, alikuja kuchukua komande yake, nikafungua karatasi ya aluminiyo ili nimuoneshe, akaangalia, akanyamaza kidogo, kisha akaniuliza kwa sauti ya chini, kama vile hataki kunihaibisha mbele ya wasichana wangu: "Mama, hii gato ilianguka?" Wasichana wakacheka mpaka mmoja akatoka inje. Hapana mama, haikuanguka, njo vile iko. Ingekuwa laini juu kama gato ya ndoa njo ningekuomba samahani na kukurudishia feza yako.

Mi niko mu patiseri hapa Goma mwaka wa 12 sasa. Nilianza na mandazi ya asubuhi, nikaingia mu gato za ndoa, leo nafundisha wasichana ku nyumba, na kati ya vitu vyote venye nafundisha, kobla, ile gato ya matunda chini na madonge ya unga juu, njo naweka mbele. Si juu iko rahisi. Watu wanasema iko rahisi lakini mi nimeona kobla nyingi zenye juu iko na rangi ya kuvutia, ukiingiza kijiko chini unakuta unga mubichi unanata ku meno. Naiweka mbele juu inafundisha kitu chenye gato ya kawaida haifundishi, kwamba moto unatoka pande mbili, na ule wa chini unatoka ku matunda yenyewe. Mutu akielewa hiyo tu, ingine yote ni mukono kuzoea.

Kobla ilizaliwa Marekani. Waingereza wenye walienda kukaa kule walizoea pudingi zao za mvuke, zenye walikuwa wanafanya na mafuta ya figo ya ng'ombe, kule wakakosa vitu na vyombo, basi wakachemsha matunda mu chungu na kufunika na madonge ya unga juu. Jina lake linaonekana mu maandishi ya katikati ya karne ya 19, na wengi wanalieleza na mawe ya barabara za zamani, yale ya mviringo yenye walikuwa wanapanga moja moja, juu madonge yakiiva yanabaki na vinundu na mifereji katikati. Sisi wa Goma hatuhitaji kuelezwa sana hapo. Tangu lava ya Nyiragongo iliteremka mpaka katikati ya mji tarehe 17 Januari 2002, mwenye alishasukuma chukudu, ile kinga yetu ya mbao ya kubebea mizigo, juu ya yale mawe anajua uso wa kobla unafananaje.

Na kitu chenye kinanifurahisha zaidi: wale Wamarekani wenye walikuwa wanahamia magharibi na magari ya kukokotwa, kobla yao hawakuichomea mu furu (oveni), walikuwa na sufuria nzito ya chuma yenye miguu mitatu, kifuniko chake kina ukingo ili makala ikae juu isianguke. Makala chini, makala juu. Si njo vile mama zetu walituchomea gato ya Noeli? Kwa hiyo mutu asiniambie "ya, mi sina furu", kobla ni chakula cha watu wenye hawakuwa na furu.

Tuje ku mapome. Vitabu vinasema matufaha, ku soko ukisema tufaha watakuangalia, sema pome. Zenye tunapata hapa nyingi zinatoka mbali, zimekaa mu baridi ya frigo siku nyingi, kwa hiyo pome inaweza kung'aa inje kama viatu vya padri na ndani iko unga. Usinunue na macho. Ipige na kucha, ikitoa mulio mukavu kama unagonga mulango, chukua. Ikitoa mulio wa kitambaa, acha. Kisha iangalie chini: ile nyekundu ya giza yenye chini kuna vinundu vitano kama miguu ya kiti, hiyo ni ya kula vile tu mu mukono, usiipike, utamu wake unapotea mu moto na nyama yake inavunjika kuwa uji. Ya kobla ni ile ya kijani yenye inauma ulimi, Granny Smith, yenye jina lake linatoka ku bibi mmoja wa Australia, Maria Ann Smith, aliiotesha karibu na Sydney, ilijulikana mu 1868. Ule ukali haiko mapambo. Asidi inashikilia pektini, ile gundi yenye inafunga nyama ya tunda, njo maana kipande kinaiva na bado kinabaki kipande. Ukikosa za kijani za kutosha, changanya nusu kijani nusu ya manjano, na uongeze ndimu. Mi nikikosa kabisa naweka maembe mabichi kidogo katikati ya mapome nyekundu, hakuna mutu amewahi kugundua, na sasa nimewaambia.

Ya watu 8 nachukua mapome 7 ao 8 ya katikati, karibu kilo 1 na grame 200. Nazimenya, natoa moyo, nakata vipande vya unene wa kidole kidogo. Usikate nyembamba kama karatasi, utapata kompoti, uji wa matunda. Namiminia maji ya ndimu nusu, sukari grame 100, kaneli (mdalasini) kijiko kidogo kimoja, chumvi ya kubana na vidole viwili, kisha naacha dakika 20 na kwenda kufanya kazi ingine. Ukirudi utakuta maji mu bakuli. Wasichana wanafikiri waliosha vibaya, hapana, sukari imevuta maji ya tunda, na hiyo ni bahati yako juu yale maji yangetoka mu furu na kuogesha unga wako. Napika vyote mu sufuria na mafuta ya ng'ombe, yaani siagi, kijiko kimoja, na kijiko kikubwa kimoja cha Maizena chenye nimevunja mu maji baridi.

Hapa nisikilizeni vizuri juu ni kitu cha kwetu, resepti za Wazungu hazitakwambia. Goma iko karibu metre 1,500 juu ya bahari, maji hapa yanachemka ku digri karibu 95, haifike 100. Maizena inahitaji moto karibu na hapo ili ikaze, kwa hiyo kuona povu ya kwanza na kutoa haitoshi. Acha ichemke dakika 2 mpaka 3 nzima, mpaka mapovu yanakuwa mazito, yanapasuka polepole na sauti ya "pwa, pwa" kama uji wa mutoto, na rangi inatoka ku weupe wa maziwa inakuwa ya kupitisha mwanga. Ukitoa mbele ya hapo, kesho utakuta maji chini ya sahani.

Levire, ile poda ya kuumusha gato, nayo iko na mambo yake huku juu. Hewa yetu iko nyepesi, gazi ya levire inapanuka mbio, donge linaruka juu mbele unga haujashika, kisha linakaa chini na kuwa nzito. Kama resepti ya pwani inasema vijiko vidogo 2, mi naweka kimoja na nusu. Na nasema levire ya kimia, ile ya gato! Siku moja msichana wangu aliweka levire ya mukate, pakiti zinafanana ku mwanga wa bugi (mushumaa), tulingoja, tulingoja, tukatoa kitu chenye tuliweza kukigonga ku meza na mbwa wa jirani akaamuka. Kama una mashaka na levire yako ya zamani, tia kidogo mu maji ya moto. Ikichemka na kelele iko muzima, ikinyamaza itupe.

Donge lenyewe: unga wa ngano grame 200, sukari vijiko vikubwa 3, chumvi nusu kijiko kidogo, na mafuta ya ng'ombe ya baridi grame 80 yenye nimekata vipande kama mbaazi. Blue Band inafanya kazi, sikatai, tuko watu wa kuhesabu feza, lakini harufu haiko moja. Fikicha na ncha za vidole, haraka, kiganja kiko na joto kinayeyusha, tumia vidole tu. Unaacha wakati bado unaona vipande vidogo vya mafuta, usingoje iwe unga wote laini, juu ile vipande inayeyuka mu moto kwa kuchelewa, inaacha tundu na mvuke, njo kobla inakuwa na matabaka ndani.

Ya kulowesha, mi natumia mashanza. Maziwa ya Masisi yaliyoganda, hapo Wamarekani wanatafuta maziwa yao ya siki ku duka, sisi inatufikia mu bidoni. Mililita kama 150, ikiwa nzito sana ivunje na maji kidogo. Na mashanza unapunguza levire ya kimia mpaka kijiko kidogo kimoja, unaongeza robo ya kijiko kidogo ya bikaboneti, juu asidi ya mashanza inakutana na bikaboneti njo inatoa gazi. Changanya na uma, mara 12 ao 15, na uache. Bado kuna unga mukavu pembeni? Muzuri. Mutu mwenye alizoea kukanda chapati mukono unamuwasha hapo, anataka kukanda, anataka laini, mi namushika mukono. Ukikanda unaamsha gluteni, ile kitu ya unga yenye inavutika, na utatafuna mpira.

Sasa ile kitu nilianza nayo, moto wa chini. Mapome lazima yawe yanachemka wakati donge linawekwa juu. Siyo ya vuguvugu, yanachemka. Siku ya kwanza nilifanya kobla peke yangu, ilikuwa ya kipaimara cha mutoto wa ndugu yangu, nilipika mapome jioni, yakalala, asubuhi nikayaweka baridi, nikapanga donge langu na mapenzi yote, nikachoma. Juu ilikuwa dhahabu. Mbele ya mapadri na wageni shemeji yangu akakata, na kijiko kikatoka na nyuzi nyeupe za unga mubichi, akasema tu "ee, bado inapumua". Miaka imepita na bado ananiita Mama Kupumua ku matanga na ku ndoa. Kilichotokea ni hivi: moto wa juu uliivisha ngozi, chini donge lilikaa juu ya maji baridi, yale maji yalichukua dakika 25 kupata moto, na ngozi ilikuwa imeshafunga.

Basi toa sufuria ku moto, mimina mu plati yenye imepashwa, na hapo hapo dondosha donge na kijiko, vichuguu vya ukubwa wa ngumi ya mutoto, uache nafasi kati yao, kidole kimoja, ili mvuke utoke. Usisawazishe. Nyunyiza sukari juu.

Kwenye furu ni digri 190, dakika 35 mpaka 40. Umeme ukienda katikati usifungue mulango, furu yenye imefungwa inashika joto na nimeshamaliza kobla ivyo. Ku makala, chukua marmiti nzito, chini weka changarawe nyeusi za volkano unene wa vidole viwili, zenye zimekauka kabisa ku jua, siyo zenye zimenyeshewa, jiwe lenye maji ndani likipata moto linaweza kupasuka. Plati inakaa juu ya changarawe. Makala chini kidogo, yenye imeshakuwa nyekundu na majivu, na juu ya kifuniko unaweka mara mbili ya ile ya chini. Watu wengi wanageuza hiyo hesabu, wanaweka moto wote chini, wanapata kaneli yenye imeungua na juu nyeupe kama uso wa mgonjwa. Zungusha kifuniko robo kila dakika 10 juu makala haiwake sawa.

Itaiva wakati unaona maji ya mapome yanapanda mu mifereji na kuchemka mazito pembeni, na donge la katikati, siyo la pembeni, ukilipasua na uma linaonesha ndani kama mukate. Lile la katikati njo la mwisho kuiva.

Acha ipumzike nusu saa. Najua harufu, najua watoto wako ku mulango, lakini Maizena inakaza ikipoa, na sukari ya moto inachoma ulimi kuliko pilipili.

Watu wananiuliza na matunda ingine. Mananasi inaenda, lakini ipike kwanza mpaka maji yake yapungue. Prune ya Japani, ile tunda nyekundu ya muti ya Bukavu na huku kwetu, ongeza sukari, rangi yake itakufurahisha. Ndizi hapana, na nisiulizwe tena.

Ikibaki, funika na kitambaa, siyo na kifuniko, juu mvuke utarudi juu ya donge na utaamka na bukari (ugali) ya ngano. Yule mama aliniandikia usiku ule ule. Aliuliza kama ile yenye ilianguka naweza kumufanyia ingine ya siku ya posho (Jumamosi), na kama naweza kuiangusha kidogo zaidi.