Je, wajua kwa nini posa husubiri mjomba?

Mwaka jana nilikaa kwenye mkeka huko Chanika, upande wa waposaji. Barua ilikuwa imeshasomwa, mshenga ameshajieleza, soda zimeanza kupata moto kwenye kreti. Baba wa binti yupo, mzima wa afya, amekaa mbele yetu. Lakini jibu halitoki. Kila mshenga akigusia, anaambiwa kwa upole: "Subirini kidogo, mjomba yuko njiani, anatoka Maneromango." Mjomba aliingia saa kumi jioni, kanzu imejaa vumbi la Kisarawe. Akapewa maji, akauliza kijana ni nani na kwao ni wapi, na kikao kikaanza upya tangu salamu. Wenzangu, Wakurya kutoka Mara, walikuwa wananong'ona: baba mtu huyu hapa, sasa huyo mjomba ni nani hata tumsubiri nusu siku?

Binti alikuwa Mzaramo, na jibu la swali lao lilianzia hapo.

Kila jamii hulazimika kuamua mtoto ni wa nani. Upendo hauna mgogoro, baba na mama wote humpenda. Linaloamuliwa ni ukoo: atalima shamba la kina nani, akipatwa na kesi atasimamiwa na nani, akifa atarithiwa na nani. Wakurya, Wachaga, Wahaya na makabila mengi nchini hujibu kuwa mtoto ni wa kuumeni. Wazaramo, Wakwere, Waluguru, Wakaguru na Wazigua, na kule kusini Wamwera, Wayao na Wamakonde, kwa asili yao hujibu kuwa ni wa kuukeni. Hawako peke yao. Ukanda huo unavuka Msumbiji, Malawi na Zambia, unapita Kongo hadi Angola. Kwa hiyo kabla Sultani Majid wa Zanzibar hajaanza kujenga mji wake hapa Dar es Salaam miaka ya 1860, Mzizima na vijiji vilivyoizunguka vilikuwa tayari katika nchi ya watu wanaohesabu ukoo kwa mama.

Sasa mfikirie yule baba wa Chanika kwa hesabu hiyo. Yeye ana ukoo wake, alioupata kwa mama yake. Mke wake ana ukoo mwingine, na binti ameufuata huo wa mama. Basi mwanamume mkubwa wa ukoo wa binti ni nani? Ni kaka wa mama yake. Pale mkekani, mjomba ndiye aliyekuwa mwenyeji.

Ndiyo maana nasikitika nikisikia watu wakisema makabila haya "wanawake wanatawala". Kufuata ukoo wa mama ni jambo moja, utawala ni jambo jingine. Mara nyingi kauli kubwa ilibaki kwa wanaume, ila ilitoka mkononi mwa mume ikaenda kwa kaka. Hata hivyo tofauti hiyo si ndogo kwa mwanamke mwenyewe. Ndoa ikivunjika, ana ardhi ya kwao ya kurudia, na watoto wake wanarudi wakiwa na haki kamili. Hakuna wa kumwambia aache watoto aondoke na kanga zake.

Waluguru huuita ukoo huo lukolo, na tawi la ukoo huliita tombo, maana yake titi: watu walionyonya titi moja. Wazaramo na jirani zao walikuwa wakimpa mwali, akiwa ndani, kinyago kidogo cha mti kiitwacho mwana hiti. Ukikishika kinaenea kiganjani. Hakina mikono wala miguu. Kina kichwa chenye vishungi vya nywele, kina matiti, kina kitovu. Mwali alikipaka mafuta na kukitunza kama mtoto. Aliyekichonga aliacha vyote visivyohusika akabakiza kinachozaa na kinacholisha, kwa sababu ukoo mzima ulikuwa unangoja kuendelea kupitia kwa huyo binti.

Duniani jamii za namna hii ni chache. Katika orodha ya jamii zaidi ya 1,200 aliyoikusanya mwanaanthropolojia George Peter Murdock miaka ya 1960, hazifiki moja kwa tano. Lakini zimetawanyika ajabu. Inayotajwa mara nyingi kuwa kubwa kuliko zote ni ya Waminangkabau wa Sumatra Magharibi, Indonesia, watu wanaohesabiwa kwa mamilioni, na ni Waislamu. Nyumba yao kubwa yenye paa lililopinda kama pembe za nyati ni mali ya ukoo wa mama, na mashamba ya mpunga ya ukoo hupita kwa mabinti. Mjomba wao huitwa mamak. Mali wameigawa mafungu mawili: ya ukoo inafuata mila, na aliyoichuma mtu kwa jasho lake inarithiwa na watoto wake kwa sheria ya dini. Karibu zaidi nasi, Ngazidja huko Komoro, nako ni Waislamu watupu na lugha yao ni ndugu wa Kiswahili, kuna mali iitwayo manyahuli, ardhi na nyumba zinazopita kwa wanawake, na mume ndiye anayehamia kwa mkewe. Waasante wa Ghana husema mtoto hupata damu kwa mama na roho kwa baba. Ndiyo maana kiti cha mfalme wao hakiendi kwa mwanawe. Malkia mama ndiye anayependekeza jina, na mrithi hutoka upande wa mama.

Kwa nini basi watu wengine wafuate mama na wengine baba? Wengi hudhani ni shaka ya uzazi: mama anajulikana, wakunga walimwona akijifungua, baba anatajwa tu. Siridhiki na jibu hilo, maana shaka hiyo iko kila mahali, na wanaofuata baba wana dawa yao. Wahenga walisema kitanda hakizai haramu. Mtoto aliyezaliwa katika kitanda cha mume ni wa mume, mjadala umefungwa. Kwa anayehesabu ukoo kwa mama, hilo halimtikisi kabisa: baba awe nani, ukoo wa mtoto haubadiliki.

Jibu lenye nguvu zaidi ni ng'ombe. Mwaka 1961 mwanaanthropolojia David Aberle aliandika kwamba ng'ombe ni adui wa ukoo wa mama. Mwaka 2003 watafiti Clare Holden na Ruth Mace walizipanga jamii za Kibantu kwa undugu wa lugha zao, kisha wakapima, wakaona kuwa jamii zikipata ng'ombe huelekea kuacha ukoo wa mama. Ukiifikiria Mara unaona sababu. Ng'ombe huibwa, kwa hiyo hulindwa na wanaume. Huzaana, kwa hiyo baba hutamani kuwaachia wana. Hutolewa mahari, na mahari nzito ndiyo inayowahamisha watoto kwenda ukoo wa baba. Lakini ukanda wetu huu ulikuwa na mbung'o, ng'ombe hawakustawi. Mali ilikuwa jembe na shamba, na mlimaji mkuu mwanamke. Kwa Wabemba wa Zambia na Wachewa wa Malawi, mkwe alitoa nguvu zake badala ya mifugo: alikwenda kulima ukweni.

Mfumo huu una jeraha lake, na mwanaanthropolojia Audrey Richards aliliandika vizuri mwaka 1950. Mwanamume mmoja ana nyumba mbili moyoni. Huku ni baba wa watoto anaolala nao chini ya paa moja, kule ni mjomba wa wapwa watakaomrithi. Mali ikiwa jembe, jeraha halivuji damu. Lakini akipanda mikorosho, akiezeka bati, akinunua kiwanja Mbagala kwa mshahara wa miaka ishirini, je, akifa wapwa waje na mabegi? Misiba mingi imeharibika hapo. Uislamu uliwapa watoto wa Kizaramo fungu lao kwa baba. Ghana ilitunga sheria ya mirathi mwaka 1985 kuwalinda mjane na watoto. Kerala, India, mwaka 1975 ilipitisha sheria ya kuzivunja nyumba za pamoja zilizofuata mama. Kwetu sheria za kimila zilizoandikwa mwaka 1963 zilitazama zaidi makabila yanayofuata baba, na hilo naliona pengo mpaka leo.

Katika mji huu ambamo kila kabila limeoana na kila kabila, mambo yamezidi kupindana. Nina rafiki, baba yake Mluguru na mama yake Mchaga. Akienda Mgeta anapokewa vizuri, lakini kwa mila wanamhesabu wa kwa mama yake. Akienda Rombo anachinjiwa, lakini wanamhesabu wa kwa baba yake. Alipofiwa na baba aliniuliza, tukiwa kwenye foleni ya daladala pale Buguruni, "Mimi wajomba zangu hasa ni kina nani?" Sikuwa na la kumjibu.

Watoto wa ndoa ya Chanika watakuwa kinyume chake. Mjomba alipopokea mahari aliihesabu polepole, akamkabidhi shemeji yake sehemu mbele yetu, akasema, "Huyu ndiye aliyemlea." Kisha akatugeukia. "Watoto watakaozaliwa nyie mtasema ni wa kwenu. Na sisi tutasema ni wa kwetu. Msije mkakasirika." Mzee wetu mmoja, yuleyule aliyenong'ona zaidi ya wote, alitoa simu yake akaomba namba. Akaulizwa aandike jina gani. Akasema jina analo tayari, akaandika Mjomba.