Mwigizaji wa nafasi za pembeni ni nani? Tumtazame Marcel Dalio

Vibanda vya video vilitufundisha kwamba steringi hafi na adui lazima apigwe. Katikati yao kuna watu tusiowajua majina: karani wa hoteli, hakimu, mwenye baa. Ukimwona mmoja unamgusa jirani yako, "Huyu si alikuwemo kwenye ile picha nyingine?" Huyo ndiye mwigizaji wa nafasi za pembeni. Wafaransa nafasi yake huiita second rôle, yaani nafasi ya pili. Tusimchanganye na wale wanaopita nyuma kujaza umati. Yeye ana maneno na tabia yake, na akikosea, tukio zima limeharibika.

Mfano wangu ni Marcel Dalio, Myahudi wa Paris, mfupi, mwenye macho makubwa. Katika filamu ya La Grande Illusion (1937) alikuwa Rosenthal, mfungwa wa vita tajiri anayewagawia wenzake vyakula anavyotumiwa kutoka nyumbani. Miaka miwili baadaye, katika La Règle du jeu, akapewa nafasi kubwa kabisa, ya bwana mwenye jumba. Mtazame pale anapowaonyesha wageni kinanda chake cha mitambo: fahari na haya vimejaa usoni kwa pamoja, wala hasemi neno.

Mwaka 1940 Wajerumani walipoikaribia Paris, alikimbia na mkewe, Madeleine Lebeau, wakapitia Lisbon hadi wakafika Marekani. Huku nyuma picha ya uso wake ilibandikwa kwenye mabango, ili watu wajue "Myahudi anafananaje". Wazazi wake waliangamia katika kambi za Wanazi.

Hollywood haikumhitaji awe bwana wa jumba. Ilihitaji Mfaransa, Mfaransa yeyote. Katika Casablanca (1942) ni mchezeshaji wa kamari, na jina lake hata halikuandikwa. Mkuu wa polisi Renault anaifunga kasino, akijifanya kashtuka kusikia humo watu wanacheza kamari. Papo hapo Dalio anamletea mkuu huyo pesa ambazo mkuu mwenyewe ameshinda kwenye kamari hiyo hiyo. Ni sekunde chache tu, lakini mzaha wote umebebwa na adabu yake ya mfanyakazi mwaminifu. Angeonyesha hata chembe ya tabasamu, usingechekesha.

Hizo ndizo kazi zake za miaka mingi: hakimu katika Gentlemen Prefer Blondes (1953), baroni katika Sabrina (1954). Kwa maoni yangu huo ni ubahili wa Hollywood, maana uwezo wake ulishaonekana. Televisheni ilimfidia kidogo: mwaka 1955 Casablanca ilipogeuzwa tamthilia, Dalio alipewa nafasi ya yule mkuu wa polisi ambaye yeye Dalio aliwahi kumpelekea pesa.

Aliendelea kuigiza hadi uzeeni. Mwaka 1973, katika Les Aventures de Rabbi Jacob, vichekesho vilivyopendwa sana Ufaransa, rabi mwenyewe wa kwenye jina la filamu alikuwa yeye. Alifariki Paris mwaka 1983.