Lidice haikuwaficha waliomuua Heydrich

Wageni ninaowatembeza kutoka Praha hufika Lidice, kijiji cha Ucheki kilichoangamizwa na Wanazi, wakiwa wameshatoa hukumu. Basi halijasimama sawasawa, mmoja ataanza: "Hapa ndipo walipofichwa wale waliomuua Heydrich, yule mtawala wa Kinazi, sivyo?" Sivyo. Hawakufichwa hapa wala hawakulala hapa hata usiku mmoja.

Tazameni tarehe. Jan Kubiš na Jozef Gabčík, askari wa miavuli waliotumwa kutoka Uingereza, walimshambulia Reinhard Heydrich mjini Praha 27 Mei 1942, naye akafa 4 Juni. Lidice iliangamizwa 10 Juni. Siku hiyo askari hao wa miavuli walikuwa Praha, ndani ya kanisa la Watakatifu Cyril na Methodius, mtaa wa Resslova. Gestapo, polisi wa siri wa Kinazi, hawakupata njia ya kuwafikia mpaka 16 Juni, mwenzao Karel Čurda alipojisalimisha na kutaja nyumba zilizowahi kuwapokea. Walikufa 18 Juni, kanisa hilo liliposhambuliwa, na wanaume wa Lidice walikuwa wameshazikwa siku nyingi.

Hapo mgeni huniambia palipofuka moshi hapakosi moto. Haya, moshi wenyewe ni huu: barua ya mapenzi. Kijana mmoja mwenye mke alitaka kuachana na msichana wa kiwanda kimoja cha mji wa Slaný, akamwandikia kwa mafumbo kana kwamba yumo kwenye harakati za siri. Mwenye kiwanda akaifungua, akaipeleka kwa askari. Msichana alipohojiwa, likatokea jina la familia ya Horák wa Lidice, ambao kijana wao alikuwa jeshini Uingereza. Gestapo walipekua kijiji wasipate kitu. Lakini Hitler alitaka kisasi, na kijiji chenye jina tayari mezani kikatosha. Amri ilitoka 9 Juni, siku ya mazishi ya Heydrich mjini Berlin. Kesho yake wanaume 173 walipigwa risasi kwenye shamba la Horák, padri Josef Štemberka akiwa miongoni mwao. Wengi wao walikuwa wachimba makaa na wafanyakazi wa viwanda vya chuma vya Kladno. Kusema "walijiletea" ni kurudia propaganda ya muuaji, na sitaacha kulisema hilo hata kama linaharibu safari ya mtu.

"Wanazi walifanya kwa siri." Wapi! Walitangaza wenyewe redioni, na ubomoaji wakaupiga filamu. Ndiyo maana Septemba mwaka huohuo daktari na mwanasiasa Barnett Stross alianzisha kampeni ya "Lidice itaishi" kule Stoke-on-Trent, Uingereza, na wachimba makaa wa huko wakaipokea.

"Watoto wote waliuawa." Kati ya 105 walirudi 17. Waliouawa kwa gesi Chełmno, kambi ya mauaji huko Poland, ni 82, na ndio wanaoonekana kwenye sanamu za shaba za Marie Uchytilová. Wanawake walipelekwa Ravensbrück, kambi ya mateso ya wanawake huko Ujerumani. 143 walirudi baada ya vita.

Na nyumba mnazoziona si Lidice ile ya zamani. Kijiji kipya kilijengwa pembeni baada ya vita, jiwe la msingi likiwekwa 1947. Cha zamani ni lile bonde la majani matupu. Wanazi walihamisha hata mkondo wa kijito. Ushauri wangu, ingawa hamkuuomba: msikimbilie sanamu na simu mkononi. Teremkeni kwanza mpaka kwenye misingi ya shamba la Horák na kaburi la pamoja, kisha mpande kwa watoto. Wanaoanza juu huwa wamechoka, hawashuki tena.

Kama mnatafuta kijiji kilichowasaidia kweli askari wa miavuli, nendeni Ležáky, mashariki mwa Bohemia. Huko redio ya Silver A, kikundi kingine cha askari wa miavuli, ilirusha ujumbe kwa msaada wa wenyeji. Watu wazima wote 33 walipigwa risasi Pardubice 24 Juni 1942, na kijiji hakikujengwa tena. Hicho hakuna basi linaloniuliza habari zake.